Kalenda ya Ulimwengu wa Kubuni Inapopotea: Dalili, Sababu na Namna ya Kuirekebisha

“Dada, mbona gulio lilishapita?”

Tulikuwa mezani, Moshi mjini, tunacheza mchezo wetu wa simulizi katika nchi ya kubuni niliyoiita Ondoro. Nilikuwa nimetoka kutangaza kwamba wasafiri wanaingia mjini siku ya gulio. Kijana aliyeuliza alinigeuzia daftari lake la hesabu, lile lenye miraba. Kila siku ya safari alikuwa ameichorea mstari mmoja wa kalamu ya bluu, na kila siku ya sita, ambayo Ondoro ndiyo siku ya gulio, ameizungushia duara. Baada ya duara la mwisho palikuwa na mistari mitatu. Siku niliyoitangaza ilikuwa ya nne. Nilihesabu pale pale kwa ncha ya kidole, mara mbili. Hakukosea. Mimi ndiye nilikuwa sijaandika popote kama zile siku nne za mwisho wa mwaka zimo ndani ya wiki au ziko nje yake.

Tangu siku hiyo naweka kumbukumbu ya kila hitilafu ya kalenda ninayokutana nayo, mezani na katika miswada ya riwaya ambayo waandishi wenzangu wa Moshi na Arusha hunipa nisome. Hitilafu hizo zinajirudia. Nimezipanga kwa dalili kwa sababu dalili ndiyo huonekana kwanza, sababu inajificha. Chini ya kila dalili naanza na sababu ninayoikuta mara nyingi, ya nadra naiacha mwisho. Nalichukulia jambo hili kwa uzito: msomaji akishahisi kwamba siku za ulimwengu wako hazihesabiki, haamini tena njaa, safari wala msiba wa mtu anayeishi humo.

Ondoro nitaitumia kama mfano. Mwaka wake una miezi 12 ya siku 30, jumla 360, kisha zinafuata siku 4 zisizo na mwezi, ambazo watu wa huko huziita siku za kiporo. Jua lao hukamilisha mzunguko kwa siku 364.2, kwa hiyo kila mwaka unaogawanyika kwa 5 huongezwa siku ya kiporo ya tano. Wiki ina siku 6. Mwezi wa angani huandama kila baada ya siku 28.

Kabla ya kugusa chochote: piga kigingi

Chagua siku moja katika historia ya ulimwengu wako uiite siku ya 1. Hicho ndicho kigingi. Kila tukio, kuanzia kuzaliwa kwa mfalme hadi siku mbuzi wa jirani alipoibwa, lipewe namba yake ya siku kutoka hapo, ziende mfululizo bila kuruka. Tarehe ni nguo tu. Namba ya siku ndiyo mwili.

Kwa Ondoro hesabu inakwenda hivi. Chukua miaka iliyokwisha, zidisha kwa 364. Ongeza siku za nyongeza, yaani miaka hiyo gawa kwa 5 ukiacha baki. Ongeza miezi iliyokwisha mara 30. Ongeza tarehe. Tuseme ni tarehe 14, mwezi wa tatu, mwaka wa 212. Miaka iliyokwisha ni 211, mara 364 ni 76,804. Siku za nyongeza 42. Miezi miwili ni siku 60. Tarehe 14. Jumla ni siku ya 76,920.

Andika namba hizo pembeni ya kila sura. Ninapopewa mswada wenye matatizo, hii ndiyo kazi yangu ya kwanza, na mara nyingi kosa linajitokeza lenyewe kabla sijafika nusu.

Dalili: siku za wiki zinateleza

Msomaji anasema: “Sura ya 3 gulio lilikuwa tarehe 12, sura ya 20 ni tarehe 10, na hakuna aliyelihamisha.” Au ndugu wawili wanaagana siku moja na kila mmoja anahesabu wiki yake.

Sababu ya kwanza, na ndiyo iliyonipata mimi, ni siku za kiporo kutokuwa na kwao. Siku zinazobaki nje ya miezi si kosa. Zina ndugu wengi wa kweli. Mwaka wa Nairuzi wa pwani yetu, ule ambao sherehe yake ya Mwaka Kogwa hufanyika Makunduchi kila Julai, una siku 365 zinazohesabiwa kwa miongo ya siku kumi kumi, kwa hiyo 5 zinabaki. Ethiopia wana mwezi wa 13 wenye siku 5, au 6 katika mwaka mrefu. Swali ni moja tu: siku hizo zina jina la wiki au hazina?

Tazama tofauti yake kwa ile siku ya 76,920. Kama kiporo kimo ndani ya wiki, gawa 76,920 kwa 6: hakuna baki, basi ni siku ya sita, gulio, watu wamejaa na punda wamefungwa njiani. Kama kiporo kiko nje ya wiki, hesabu ndani ya mwezi peke yake inatosha: 14 gawa kwa 6, baki 2. Ni siku ya pili ya wiki na uwanja mtupu, mbwa wanalala kivulini. Tarehe moja, nchi mbili tofauti.

Uchaguzi wowote ni halali. Ukiweka kiporo nje, kalenda inakuwa nyepesi kuliko zote: tarehe 6, 12, 18, 24 na 30 ni gulio milele. Mimi nilichagua kukiweka ndani, kwa sababu nililifikiria gulio la Tengeru la Jumamosi. Mama anayeleta ndizi pale haulizi mwaka umeishia wapi. Anajua zimepita siku ngapi tangu alipouza mara ya mwisho, na maziwa hayasubiri. Wafanyabiashara wa Ondoro wasingekubali kupoteza siku nne za hesabu kwa ajili ya makuhani.

Sababu ya pili: wiki haigawi mwaka sawasawa na mwandishi amedhani inagawa. Mwaka wetu wa siku 365 ni wiki 52 na siku 1, ndiyo maana siku yako ya kuzaliwa husogea siku moja ya wiki kila mwaka, na mbili ikivuka Februari 29. Ukitaka isisogee katika wiki ya siku saba, uwe na siku 364 kamili.

Ya tatu ni kuhesabu kwa kujumuisha siku ya kuanzia. “Siku ya tatu” na “baada ya siku tatu” hazilingani. Lugha yetu ina dawa nzuri ambayo waandishi wanaisahau: kesho, keshokutwa, mtondo, mtondogoo. Mhusika akisema “tuonane mtondo”, hakuna ubishi, ni siku ya tatu kutoka leo.

Ya nadra: serikali ya ulimwengu wako ilibadilisha wiki, na wewe hukufuatilia matokeo yake. Ufaransa walijaribu mwaka 1793, wakaweka wiki ya siku kumi. Kalenda hiyo ilikufa rasmi Januari 1, 1806. Mtu aliyezoea kupumzika kila baada ya siku saba hakubali kungoja kumi kwa moyo mkunjufu. Kama mfalme wako amefanya hivyo, onyesha nani alinung’unika.

Simama hapa kama marekebisho yanagusa kitabu ambacho tayari kiko mikononi mwa wasomaji. Usibadilishe urefu wa wiki kimyakimya katika toleo la pili. Soma kwanza sehemu ya kalenda iliyokwisha kutoka, hapo chini.

Dalili: mwezi unaonekana saa au mahali pasipowezekana

Hii inaniumiza kuliko zote, kwa sababu mwezi uko juu ya kila mmoja wetu bure.

Kabla ya kusahihisha mstari wowote, toka nje. Ukiwa Moshi, mwezi mchanga utauona jioni upande wa Boma Ng’ombe, mara tu jua linapozama, umelala chali kama mtumbwi, pembe zote mbili zimetazama juu. Haukai, muda si mrefu nao umezama. Baada ya wiki hivi, jua likizama utaukuta nusu, karibu na utosi. Ukipevuka, unachomoza upande wa Himo wakati ule ule jua linapotua upande wa pili. Kuanzia hapo unachelewa kila usiku, kwa wastani dakika 50 hivi, mpaka siku za mwisho ni mwembamba tena na unaonekana alfajiri tu, ukilitangulia jua.

Kwa hiyo ukaguzi wa kwanza hauhitaji hesabu. Kila usiku wenye mwezi katika mswada wako, uliza: ni saa ngapi, na mwezi una umbo gani? Saa sita usiku mwezi mwembamba hauwezi kuwa utosini. Mwezi mpevu hauwezi kuchomoza saa sita usiku. Mwizi anayetaka giza mwanzoni mwa usiku angoje mwezi upite upevu. Anayetaka giza la alfajiri aende mwezi ukiwa mchanga. Wezi wa kweli wanalijua hilo, na mhusika wako alijue.

Sababu inayofuata imo ndani ya Kiswahili chenyewe. Neno letu ni moja: mwezi wa angani na mwezi wa kalenda. Mwandishi anaandika “katikati ya mwezi” na papo hapo anawasha mwezi mpevu. Ondoro miezi ni ya siku 30 na wa angani ni wa siku 28. Ukiandama tarehe 1 ya mwezi wa kwanza, unapevuka tarehe 15. Mwezi wa pili unapevuka tarehe 13, wa tatu tarehe 11. Kabla mwaka haujafika nusu, “katikati ya mwezi” ni karibu na giza. Katika maandishi ya Ondoro nimeamua kusema “mwandamo” kwa ule wa angani, na “mwezi” kwa ule wa kalenda. Tofauti hiyo ndogo imeniokoa mara nyingi.

Halafu kuna wanaolazimisha jua na mwezi vikubaliane. Havikubaliani hata kwetu. Mwandamo mmoja una wastani wa siku 29.53, kumi na mbili ni siku 354 na kidogo, pungufu ya mwaka wa jua kwa siku 11 hivi. Wanadamu wamechagua njia tatu. Kalenda ya Kiislamu hufuata mwezi na kuliacha jua, ndiyo maana Ramadhani hurudi nyuma kila mwaka na kuzunguka majira yote kwa miaka 33 hivi. Mtu mzima wa Moshi amefunga katika joto la Januari na amefunga katika baridi ya Julai. Kalenda ya ukutani hufuata jua na kuusahau mwezi. Wayahudi hushika vyote viwili kwa kuongeza mwezi wa 13 mara 7 katika kila miaka 19, kwa sababu miandamo 235 inakaribia sana miaka 19 ya jua. Chagua njia moja, uiandike katika ukurasa wa kwanza wa daftari la ulimwengu wako.

Miezi miwili angani ni tamaa ya karibu kila mwanzilishi, na mimi sikuzuii. Ila shika mambo mawili. Ulio mbali huenda polepole: kwa kanuni ya mwanaastronomia Johannes Kepler, mmoja ukizunguka kwa siku 8 na mwingine kwa siku 27, wa pili lazima uwe mbali mara 2.25. Na kama mmoja hupevuka kila siku 10 na mwingine kila siku 28, vikianza pamoja vitapevuka pamoja tena baada ya siku 140. Mwandishi mmoja aliandika kwamba upevu wa pamoja hutokea “kila baada ya karne”, huku namba zake mwenyewe zikisema utatokea mara mbili au tatu kwa mwaka. Unabii wake wote ulisimama juu ya hilo.

Simama hapa kama hadithi yako inategemea kupatwa kwa jua kwa tarehe maalumu, kama una miezi mitatu au zaidi, au kama kuna jua la pili. Hapo hesabu ya daftari haitoshi. Mtafute mtu aliyesoma fizikia au elimu ya anga, umpe namba zako, umsikilize. Na kama umekopa kalenda hai ya ibada ya watu, usikisie: muulize shehe, padri au mzee anayeiishi.

Dalili: majira hayafanani na nchi

Mwandishi wa Arusha alinipa mswada mzuri sana. Watu wake wanaishi kwenye migomba chini ya mlima wa theluji. Kufika mwezi wa kumi na mbili, majani yanapukutika, theluji inafunika mashamba, na watoto wanaota moto miezi mitatu. Mwaka uliofuata migomba iko vile vile, inazaa.

Sababu ni kwamba majira yameazimwa pamoja na kalenda, kutoka vitabu vya watu wanaoishi mbali na ikweta. Theluji ya Kibo, kilele cha Kilimanjaro, ipo kwa sababu ya kimo, mita 5,895, wala haitokani na mwezi wa kumi na mbili. Sisi tuko kama nyuzi 3 kusini mwa ikweta. Jua linapita utosini kwetu mara mbili kwa mwaka, katikati ya Machi na mwanzoni mwa Oktoba, na mvua zinalifuata: masika kuanzia Machi hadi Mei, vuli kati ya Oktoba na Desemba. Katikati kuna baridi na mawingu ya Juni hadi Agosti, kisha joto kavu la Januari na Februari. Majira yetu ni ya maji kuliko ya joto. Ulimwengu wa kubuni wenye migomba unastahili kalenda inayoanza na harufu ya udongo uliolowa.

Ukaguzi mwepesi: taja vyakula vitatu wanavyokula watu wako, kisha uliza vinapandwa lini. Maharage yanataka miezi mitatu hivi. Kahawa kutoka ua hadi tunda jekundu ni miezi 7 hadi 9. Kama kalenda yako haiwapi muda huo, sherehe ya mavuno inaangukia shamba tupu.

Sababu ya pili inachelewa kuonekana: mwaka wa kalenda haulingani na mwaka wa jua, na hakuna nyongeza. Ondoro ningeacha ile 0.2, kosa lingekuwa siku 20 kwa miaka 100. Kwa miaka 300 ni siku 60, na ngoma ya kuanza kupanda inachezwa miezi miwili kabla ya mvua. Kalenda ya Julius Caesar ilikosea kwa kiasi kidogo kuliko hapo, ilidhani mwaka ni siku 365.25 badala ya 365.2422, na bado mwaka 1582 Papa Gregory XIII alilazimika kuruka siku 10 nzima.

Mara chache tatizo ni kwamba ufalme umevuka ikweta, kusini na kaskazini zina majira yaliyopinduka, na mwandishi ametumia jina moja la “mwezi wa baridi” kote.

Dalili: tukio moja lina tarehe mbili

Mfalme amekufa tarehe 7 kwa mujibu wa mke wake, tarehe 8 kwa mujibu wa mlinzi. Kabla hujamsingizia mtu uongo, uliza siku yao inaanza saa ngapi.

Sisi tuna utajiri hapa. Saa zetu zinaanza na mapambazuko, saa moja asubuhi. Tarehe ya serikali inabadilika saa sita usiku. Na kwa wazee wengi, usiku unatangulia mchana: usiku wa Ijumaa ni ule unaoingia Alhamisi jua likizama. Ndiyo maana habari husema “usiku wa kuamkia Jumatano”, ili pasiwe na shaka. Mpe mlinzi wako maneno hayo na nusu ya ugomvi inakwisha. Ila kumbuka, saa za kuhesabu kutoka mapambazuko zinatufaa kwa kuwa hapa jua huchomoza karibu saa kumi na mbili na nusu mwaka mzima. Ukiwapeleka watu wako mbali na ikweta, ambako mchana hurefuka na kufupika, saa hizo zitayumba, na watalijua hilo wao wenyewe.

Sababu ya pili ni falme mbili zenye vigingi viwili. Ethiopia wako nyuma yetu kwa miaka 7 au 8, na mwaka wao mpya ni Septemba. Wamasai wameweka historia kwa marika: jambo lilitokea wakati rika fulani ni morani. Falme zako zinaweza kufanya yote haya, mradi kila tarehe irudi kwenye namba moja ya siku.

Ya tatu ni mwaka sifuri. Kutoka mwaka wa 10 kabla ya vita hadi mwaka wa 10 baada ya vita ni miaka 19, si 20, kama hesabu yenu haina mwaka sifuri. Yetu haina.

Dalili: umri, mimba na safari havina maana

Mwaka wa ulimwengu mmoja niliousoma ulikuwa na siku 500. Msichana wa miaka 16 alikuwa anaitwa mtoto. Zidisha: siku 8,000, ambazo kwetu ni karibu miaka 22. Huyo ni mtu mzima, pengine ana watoto. Vivyo hivyo mimba ya “miezi tisa” yenye miezi ya siku 45 ni siku 405, na hakuna mama atakayekusamehe.

Sababu ni moja, na dawa ni moja: umri, mimba, ugonjwa na safari uviwaze kwa siku, kisha ugeuze. Moshi hadi Arusha ni kilomita 80 hivi. Mtu mwenye mzigo na afya anazitembea kwa siku tatu. Kipimo hicho kiko miguuni mwetu, kitumie.

Dalili: hakuna anayekumbuka majina ya miezi

Wachezaji wanasema “ule mwezi wa pili, sijui unaitwaje”. Hapo usiwalaumu. Umewapa majina kumi na mawili yasiyo na mzizi.

Sikiliza watu stendi. Wengi hawasemi Machi, wanasema mwezi wa tatu. Sikukuu zetu mbili kubwa zinaitwa Saba Saba na Nane Nane, tarehe na mwezi vikiwa ndani ya jina. Waswahili walihesabu miezi baada ya Ramadhani: Mfunguo Mosi, Mfunguo Pili, hadi Mfunguo Tisa. Namba ni majina yanayoishi. Anza nazo, kisha toa majina mawili au matatu ya pekee kwa miezi inayobeba jambo zito, ya njaa, ya tohara, ya mvua ya kwanza.

Na acha kovu moja. Wiki yetu ina tano mbili zinazofuatana: Jumatano, kisha Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu nayo ni ya tano, kwa sababu hesabu moja ilianza Jumamosi na nyingine Jumapili. Septemba kwa asili ni “ya saba”, nayo ni ya tisa, kwa kuwa mwaka wa Warumi wa zamani ulianza Machi. Makosa kama hayo yanaonyesha kwamba kalenda imepita mikononi mwa watu.

Dalili: Excel inageuza tarehe zako

Umeandika 3-7 na programu imekuandikia tarehe ya Julai au Machi. Weka safu hiyo iwe ya maandishi kabla ya kuandika, au bora zaidi, andika namba ya siku tu na uiache programu igawe kwa kanuni ya MOD, inayotoa baki. Usitumie kamwe seli za tarehe kwa ulimwengu wa kubuni: zinahesabu kuanzia Januari 1, 1900, tena zinaamini kulikuwa na Februari 29 mwaka huo, wakati haikuwapo.

Kalenda ikiwa imeshatoka

Kitabu kimesomwa, wachezaji wamezoea, na kosa limeonekana. Usilifute. Litatue ndani ya ulimwengu wenyewe, kama wanadamu walivyofanya: mwaka 1582, katika nchi zilizomfuata Papa, Oktoba 4 ilifuatwa na Oktoba 15. Urusi ilingoja hadi 1918, ikatoka Januari 31 kwenda Februari 14, na mapinduzi yaliyoitwa ya Oktoba yakaadhimishwa Novemba. Siku zinapofutwa, kuna kodi inayodaiwa kabla ya wakati, kuna mtoto aliyezaliwa tarehe isiyokuwapo, kuna kijiji kinachokataa. Mimi Ondoro nilifanya hivyo. Makuhani walitangaza kwamba kiporo kiko nje ya wiki. Wachuuzi waligoma, wakaendelea na gulio lao la kila siku ya sita, na daftari la yule kijana likawa ndilo kumbukumbu rasmi ya wachuuzi.

Usifanye hivi zaidi ya mara moja katika historia ya ulimwengu wako. Na usiguse kigingi. Ukikihamisha, kila namba uliyoandika inakufa, na hapo hata mjuzi atakuambia uanze upya.

Ukifika pa kuomba msaada, mwalimu wa hesabu wa sekondari anatosha kwa mambo mengi haya, mwalimu wa jiografia kwa majira, mhariri kwa kitabu kilichokwisha kuchapwa. Usiende mikono mitupu. Chukua karatasi moja yenye urefu wa mwaka wa jua, urefu wa mwandamo, urefu wa wiki, hali ya siku za kiporo, saa ya kuanza siku, na kigingi. Chini yake orodhesha matukio kumi na namba zake za siku. Yale mawili yanayogombana yazungushie duara.